Lisemwalo Lipo: Sauti na Uhalisi kutoka Nagona hadi Mashimoni

Wahenga walinena: lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Katika kauli hiyo mna nadharia nzima ya sauti na uhalisi: sauti hutangulia, kitu hufuata. Euphrase Kezilahabi aliiumbia fikra ya aina hiyo ulimwengu wa kubuni katika Nagona (1990), ambamo safari ya kuusaka ukweli huelekea kwenye Ngoma Kuu. Wapo wanaoyasoma hayo kama mwangwi wa falsafa ya Ulaya tu.

Msimamo huo haujitoshelezi, kwani ushahidi u karibu, Kibera, Nairobi. Jina hilo latokana na neno la Kinubi, kibra, yaani msitu. Msitu umetoweka; sauti imebaki, na pamoja nayo dai la Wanubi waliolowea hapo mwanzoni mwa karne ya 20. Katika uchaguzi wa mwaka 2013, eneo bunge jipya liliitwa Kibra; mwaka 2017 jamii hiyo ikapewa hati ya ekari 288. Sauti haikuiandika hati hiyo, lakini iliitunza kumbukumbu iliyoidai.

Kinyume chake ni Mashimoni, kijiji cha humo humo Kibera. Mkazi akitaja kwao, msikilizaji huliona shimo kabla ya kumwona msemaji. Huo nao ni uumbaji.

Hivyo basi, mwanafunzi wa fasihi asiitafute metafizikia maktabani pekee. Na aende akayasikilize majina, aulize yalitamkwa na nani kwanza, na kwa faida ya nani. Jina lisilohojiwa hugeuka hukumu.