Taa ya Injini Isifichwe

Wahenga walinena kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Usemi huo tunauelekeza leo kwa wenye magari madogo ya dizeli wilayani Tarime na Serengeti, kwa mafundi wao, na kwa maofisa wenye dhamana ya magari ya umma.

Magari ya siku hizi yana kompyuta inayoichunga injini. Hitilafu ikitokea, taa huwaka mbele ya dereva na namba ya hitilafu huhifadhiwa. Fundi huisoma kwa mashine ya kupimia. Wapo mafundi ambao huifuta tu namba hiyo, wakapokea malipo, na ugonjwa wakauacha ulipo.

Tutoe mfano. Namba P0087 maana yake ni kwamba shinikizo la dizeli iendayo kwenye nozeli ni dogo mno. Fundi mwenye pupa hukimbilia kubadilisha pampu, kifaa cha bei kubwa. Kumbe huenda chujio limeziba, bomba linaingiza hewa, nozeli zimechakaa, au sensa yenyewe imekufa. Hatuna budi kuanza na kilicho rahisi: chujio libadilishwe, maji yaliyotuama yamwagwe, mabomba na nyaya zikaguliwe, shinikizo lipimwe. Pampu iwe ya mwisho. Namba ifutwe baada ya matengenezo, kisha gari lijaribiwe barabarani.

Mafuta nayo yaangaliwe. Mwaka 2010 EWURA ilianza kutia vinasaba katika mafuta, na mwaka 2011 Serikali ilipandisha kodi ya mafuta ya taa, ili kukomesha uchakachuaji. Pampu hizi hulainishwa na dizeli yenyewe. Ikichanganywa na mafuta ya taa, husagika upesi.

Ndugu zetu wa Ukerewe, ambao huingia Mara kwa kivuko cha Rugezi na Kisorya, wanaujua uzito wa jambo hili. Gari likiharibika kisiwani, kipuri husubiri kivuko. Kipuri kilichoagizwa kwa kubahatisha ni hasara maradufu.

Tunazitaka halmashauri za Tarime na Serengeti zishirikiane na VETA kuwapatia mafundi wa mitaani mafunzo na mashine. Aidha, ofisa yeyote asiidhinishe malipo pasipo kuonyeshwa namba zilizosomwa kabla na baada ya matengenezo. Gari lililofutwa taa bila kutibiwa ndilo litakalozimika njiani likiwa na mgonjwa. Fedha za umma ni amana, na uhai wa wananchi ni amana kubwa zaidi.