Benki zilifunga, lakini deni la nyumba halikulala

Mwishoni mwa Januari 2025, wakati waasi wa AFC/M23 waliingia Goma, benki za mji zilifunga milango. Katikati ya Februari ikawa zamu ya Bukavu. Kila mtu anakumbuka yaliyofuata: mashine za kutolea feza zikiwa kavu, watu wakivuka kwenda Gisenyi kutafuta noti, na wenye kutoa feza za simu wakikata asilimia yao juu ya kila dola. Tulisikia sana juu ya watu ambao akiba yao ilibaki imefungiwa ndani. Tulisikia kidogo juu ya wale wa upande wa pili: watu wenye deni kwenye benki hizo hizo, na zaidi wale waliochukua mkopo wa miaka mingi ili kununua ao kumaliza nyumba, wakaweka sertifika ya parseli kama garanti.

Wengi kati yao walijituliza kwa wazo moja: benki imefungwa, basi na deni limefungwa. Ni wazo la hatari. Ili kuelewa sababu, inafaa kwanza kujua mkopo wa nyumba unagharimu nini kweli, hata wakati wa amani.

Tuchukue mfano. Mfanyakazi mmoja wa Goma anakopa dola 30,000 kwa riba ya 12% kwa mwaka, kulipa kwa miaka 10, kiasi kile kile kila mwezi. Hizi si namba za benki fulani, ni za hesabu tu; kila mtu aweke zake. Malipo ya mwezi yanakuwa dola 430 na senti 41. Wakala wa benki anamwambia “430”, naye anatazama mshahara wake, anaona inawezekana, anasaini. Namba ambayo haitamkwi kwa sauti kubwa ni nyingine: 430.41 mara miezi 120 inaleta karibu dola 51,650. Yaani juu ya zile 30,000, ameongeza 21,650.

Akiona 430 ni nzito, wanamrefushia muda. Kwa miaka 15 malipo yanashuka hadi dola 360, na jumla inapanda hadi karibu 64,800. Nyumba imelipwa mara mbili na zaidi. Kwa miaka 20, malipo ni 330 na jumla karibu 79,300. Angalia vizuri hatua hiyo ya mwisho: ili kupunguziwa dola 30 kwa mwezi, anakubali kuongeza zaidi ya dola 14,000. Na kama angeweza kufunga mkanda na kulipa 667 kwa mwezi, miaka 5 ingetosha na jumla ingekuwa karibu 40,000. Nyumba ni ile ile, matofali ni yale yale.

Kuna jambo lingine ambalo linashangaza watu wengi wanapoomba hesabu yao baada ya miaka michache. Malipo ya kwanza ya 430 hayakatwi nusu kwa nusu. Dola 300 zinakwenda kwenye riba, na 130 tu ndizo zinapunguza deni lenyewe. Mwezi unaofuata riba inashuka kidogo, kapitali inapanda kidogo, na hivyo hivyo polepole. Baada ya miaka 3 kamili, mtu wetu amekwisha kutoa karibu dola 15,500. Deni lake? Bado 24,382. Hajaibiwa, ndivyo hesabu inavyotembea, maana riba inahesabiwa juu ya kile kilichobaki, na mwanzoni kilichobaki ni karibu kila kitu. Lakini hakuna mtu aliyemchorea jambo hilo siku ya kusaini.

Sasa tumuweke mtu huyo katika Goma ya 2025. Amelipa vizuri miaka 3, kisha benki inafunga. Mwaka mzima halipi kitu, kwa sababu hakuna kaunta, mshahara hauji, ao biashara yake ilivunjwa na kuporwa. Ikiwa mkataba wake unaacha riba iendelee na kuongezwa juu ya deni, zile 24,382 zinakuwa karibu 27,470 mwisho wa mwaka. Akitaka kumaliza kwa miezi 84 iliyokuwa imebaki, malipo yanatoka 430 na kupanda hadi 485. Akitaka kubaki na 430 yake, atahitaji miezi 102 kwa pahali pa 84. Ongeza ule mwaka wa kimya wenyewe: atamaliza miaka 2 na nusu nyuma ya tarehe aliyoahidiwa. Na hapo bado hatujaweka hata senti moja ya adhabu ya kuchelewa, ambayo mikataba mingi inaiandika kwa herufi ndogo.

Je, sheria inasema nini? Kanuni yetu ya mikataba ni ya zamani, ni dekreti ya tarehe 30 Julai 1888, na kifungu chake cha 33 kinajulikana na kila mwanafunzi wa sheria: makubaliano yaliyofanywa vizuri ni sheria kwa wale walioyafanya. Kanuni hiyo hiyo inatambua pia tukio lisilozuilika, ile wanasheria wetu wanaita force majeure. Vita ndani ya mji ni mfano wake wazi. Lakini kwa kawaida force majeure inamkinga mdaiwa na malipo ya hasara na adhabu; haifuti feza aliyokopa. Jaji anaweza kumpa muda, anaweza kugawanya malipo, lakini hatamwambia: nenda nyumbani, umesamehewa.

Kwa maoni yetu, kuna mstari ambao unapaswa kuwekwa wazi. Benki iliyofunga kaunta yake yenyewe haiwezi kumuadhibu mteja kwa kukosa kufika kwenye kaunta hiyo. Juu ya riba ya kawaida, mjadala ni mgumu zaidi, kwa sababu feza iliyokopeshwa ni akiba ya watu wengine, wa Kinshasa, wa Lubumbashi, hata wa Goma wenyewe, na hao pia wanaidai benki. Kumuachia kila mteja ajadiliane peke yake, na wakala wa mkopo ambaye pengine alikwisha kuhamishwa Kinshasa, si jibu. Benki Kuu ya Congo ndiyo ingepaswa kusema kanuni moja kwa wote: miezi gani haihesabiwi adhabu, na riba ya miezi hiyo inalipwa namna gani, mwisho wa mkopo ao mara moja.

Tusisahau suala la feza yenyewe. Kwetu mikopo mikubwa, na hasa ya nyumba, inaandikwa kwa dola, wakati mishahara ya serikali inahesabiwa kwa franka. Mwanzoni mwa 2016 dola moja ilikuwa ikinunuliwa kwa karibu franka 930. Katika 2024 ilikuwa imefika karibu 2,800. Malipo ya dola 430 yalikuwa kama franka 400,000 mwanzoni. Miaka minane baadaye yalikuwa 1,200,000. Mkataba haukubadilika hata neno moja, riba ilibaki 12%, lakini kwa mwalimu ao muuguzi anayepokea franka, malipo yaliongezeka mara tatu. Kweli, mwishoni mwa 2025 franka ilipata nguvu na dola ikashuka chini ya 2,500, na wenye deni la dola na mshahara wa franka walipumua kidogo. Wale wanaopokea dola, wafanyakazi wa mashirika kwa mfano, waliona kinyume chake sokoni. Katika mkopo wa miaka 10 ao 15, mtu anapaswa kufikiria pepo zote mbili. Kukopa katika feza ambayo haupokei ni kuongeza hatari ambayo haimo katika ile 12%.

Halafu, Goma ina hatari yake ambayo miji mingine ya inchi haina. Tarehe 17 Januari 2002 mlima Nyiragongo ulimwaga moto hadi katikati ya mji. Tarehe 22 Mei 2021 ulirudia, na nyumba nyingi za upande wa Buhene zikafunikwa. Mtu aliyekuwa amejenga kwa feza yake alipoteza nyumba. Mtu aliyejenga kwa mkopo alipoteza nyumba na akabaki na deni, maana hipoteki ni garanti tu. Deni liko juu ya kichwa cha mtu, si juu ya ukuta. Ukuta ukianguka, kichwa kinabaki.

Hapo watu wanajibu: “Lakini nililipa bima.” Inafaa kusoma bima gani. Ile ambayo benki inaomba mara nyingi ni bima ya kifo: mkopaji akifa, kampuni ya bima inalipa kilichobaki, na mjane hafukuzwi. Ni kitu kizuri, na mwenye familia asiikatae. Lakini bima hiyo haisemi lolote juu ya nyumba iliyofunikwa na lava ao iliyopigwa bomu. Tangu sheria ya bima ya Machi 2015, SONAS si peke yake tena, kuna kampuni nyingi za kuchagua. Hata hivyo mikataba ya bima ya nyumba mara nyingi inaondoa vita na machafuko. Uliza swali hilo kabla ya kulipa, kwa maandishi.

Tunazungumza juu ya benki, lakini wengi wetu hatufiki hapo. Mwenye nyumba ya mbao kwenye parseli yenye fishi ya kata tu, bila sertifika kutoka kwa konservateri, hawezi kutoa hipoteki. Anakwenda kwenye kooperative ao shirika la mikopo midogo, na anajenga chumba kimoja kimoja. Hapo mtego ni mwingine, namna ya kuhesabu riba. Wanamwambia: dola 3,000, miezi 12, 2% kwa mwezi. Inaonekana kama 24% kwa mwaka. Lakini ikiwa ile 2% inahesabiwa kila mwezi juu ya 3,000 nzima, hata wakati amekwisha kurudisha nusu, analipa 310 kwa mwezi na riba ya kweli inakaribia 3.5% kwa mwezi. Ni zaidi ya 40% kwa mwaka. Swali la kuuliza ni fupi: riba inahesabiwa juu ya mkopo wa mwanzo ao juu ya kilichobaki? Kuhusu Benki Lambert wa mtaani, anayetaka sehemu ya tatu ya feza kila mwezi, hakuna haja ya kikokotoo. Huyo hajengewi nyumba.

Ndiyo maana familia nyingi za Kivu bado zinajenga kwa likirimba ao kwa AVEC, mfuko wa simenti leo, bati mwaka kesho. Inachukua miaka, na kuna nyumba zinazokaa bila paa hadi watoto wanaoa. Lakini mwezi mbaya ukifika, kazi inasimama tu, wala hakuna riba inayokua usiku. Mwenye parseli halali na mapato ya uhakika kwa dola anaweza kuona mkopo wa benki ni bora. Mwingine yeyote afanye hesabu mara mbili.

Kwa wale ambao tayari wako ndani ya mkopo, mambo machache yanaweza kufanywa sasa. Omba karatasi ya hesabu ya malipo yote, mwezi kwa mwezi, na barua inayoonyesha deni lilikuwa kiasi gani siku benki ilifunga. Kama ulijaribu kulipa ukashindwa, lete alama: ujumbe wa simu, risiti, barua. Usikubali kwa mdomo “kupangiwa upya” mkopo. Muda mpya ni riba mpya, na jumla lazima iandikwe. Na ukipata feza kidogo zaidi, ielekeze kwenye kapitali: katika mfano wetu wa 430, kuongeza dola 50 kila mwezi tangu mwanzo kunamaliza deni miezi 21 mapema na kunaokoa zaidi ya dola 4,300. Angalia tu kama mkataba hauna adhabu kwa anayelipa mapema, maana hiyo pia ipo.

Kwa wenye ndoa, sheria ya familia inaomba wote wawili wakubali kabla nyumba kuwekwa garanti. Mke aliyeitwa kusaini bila kusomewa karatasi ana haki ya kuomba asomewe. Na benki haiwezi kuamka asubuhi moja na kusema nyumba ya kukaa imekuwa yake. Chini ya sheria za OHADA, ambazo inchi yetu ilijiunga nazo katika 2012, inapaswa kupitia utaratibu wa kukamata nyumba, na onyo la maandishi, jaji, na mnada. Kila hatua ina muda ambao mdaiwa anaweza kuongea. Mwenye kupokea karatasi ya huissier na kuificha chini ya godoro anapoteza muda huo.

Mwisho wa njia pia una gharama, ingawa ni ndogo. Siku ya malipo ya mwisho, hipoteki haijifuti yenyewe kwenye sertifika. Benki inapaswa kutoa barua ya kuachilia garanti, na wewe unaipeleka kwa konservateri ili aifute kwenye daftari. Kuna watu waliomaliza kulipa zamani na hawakwenda kamwe. Kwenye karatasi, parseli zao bado zinadaiwa, na watoto wao watagundua siku watakapotaka kugawana.