Wachanjeni mbwa wa Katelembo, kisha tuzungumze utalii

Kaunti zetu zinapozungumzia utalii, huzungumzia hoteli, lami na mabango. Mimi naomba nafasi nizungumzie sindano. Kazi yangu ilikuwa afya ya mifugo, na hapa Katelembo, Machakos, majirani wangali wananiita Daktari ijapokuwa nilishastaafu. Ninachosema ni hiki: mbwa wa vijijini wasipochanjwa, wanyama wawindaji tunaowaalika watalii waje kuwatazama watakwisha, na fedha za kuwachanja mbwa hao zinapaswa kutoka kwenye kiingilio anacholipa mtalii mwenyewe.

Wazo hili lilikomaa nikiwa Ethiopia, katika Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Bale. Mpwa wangu anafanya kazi Addis Ababa, naye alishikilia kwamba shangazi yake aende Disemba. Wakati huo mvua zimekatika kule juu, usiku maji yanaganda, na mbwa mwitu wa Ethiopia wana watoto wachanga. Tulilala Goba. Kabla hakujapambazuka mwongozaji wetu alifika, tukaanza kupanda kuelekea uwanda wa Sanetti. Mimi ni mtu wa Ukambani; baridi ninayoijua ni ya Julai, ukungu unapolalia vilima vya Mua na Iveti hadi saa nne. Ya Sanetti sikuwahi kuionja. Barabara inapita zaidi ya mita 4,000 juu ya usawa wa bahari, na madimbwi kando yake yalikuwa yameganda kabisa. Nilivaa jaketi mbili za mitumba, soksi za sufu na leso kichwani, na bado meno yaligongana.

Jua lilipotoka, mwongozaji alizima injini. Alikuwa kijana Mworomo, mzaliwa wa Dinsho, mwana wa mfugaji, na kazi yake aliijua. Alitufundisha kwanza kuusoma udongo: tutafute mahali palipofukuliwa upya. Chini yake huishi fuko mkubwa, mnyama wa milima ile pekee, ambaye anaweza kukaribia uzito wa kilo moja. Fuko huyo huchomoza mdomoni mwa tundu lake kuvuta majani, na hapo ndipo mbwa mwitu humvizia. Masharti yalikuwa machache: hakuna kushuka garini, hakuna kupiga mbinja, hakuna kusogelea shimo lenye watoto.

Kisha tukamwona. Mwekundu wa kutu, koo jeupe, miguu mirefu, pua nyembamba. Ni mdogo kuliko mtu anavyodhani. Mbwa mwitu wa Ethiopia aliyekomaa ana kilo 15 hivi, chini ya mbwa wengi wanaobweka Katelembo. Alipiga hatua mbili akasimama, masikio mbele. Akalala chini akatambaa kwa tumbo, polepole mno, hadi nikahisi mpwa wangu ameacha kupumua kando yangu. Akaruka. Akachimba kwa pupa, udongo ukirukia nyuma, akatoka mdomo mtupu, akajikung'uta na kwenda kujaribu penginepo. Alikosa mara kadhaa kabla ya kupata. Ajabu ni kwamba huwinda kila mmoja peke yake lakini wanaishi kwa ukoo. Jioni wale wa ukoo mmoja walikusanyika, wakanusana midomo, mikia ikitikisika, wakaondoka kwa safu kukagua mipaka ya eneo lao huku watoto wakibaki na mlezi shimoni. Nimetibu wanyama maisha yangu yote ya kazi, na sikuwahi kumtazama mnyama kwa saa nyingi hivyo bila kumtaka chochote: maziwa, nyama, wala ulinzi. Mkenya mwenye uwezo wa kufika kule na aende.

Ila jambo lililonishikisha kalamu lilitokea tukiwa njiani kurudi. Mchungaji alikuwa akivusha ng'ombe wake barabarani, mbwa wawili nyuma yake. Mwongozaji alisimamisha gari. Wakasalimiana kwa kirefu, wakaulizana hali za nyumbani, za mifugo, za malisho. Kisha akauliza swali ambalo mpwa wangu alinitafsiria: mbwa hawa wamechanjwa? Mchungaji akajibu ndiyo, akataja kijiji alikowapeleka. Mwongozaji akatoa daftari, akaandika. Yule kijana anakula kwa watalii, na alijua wazi kwamba chakula chake kinategemea jibu la swali lile.

Ana haki ya kuuliza. Mbwa mwitu wa Ethiopia waliokomaa hawafiki 500, na zaidi ya nusu yao wako Bale. Mwaka 2003 kichaa cha mbwa kiliingia Bonde la Web, upande wa Dinsho, na katika miezi michache kikaua karibu robo tatu ya mbwa mwitu wa bonde hilo. Kilipanda mlimani na mbwa wa wafugaji wanaofuata malisho. Kilirudi 2008, kikarudi tena 2014. Mradi wa kuwahifadhi wanyama hao, ulioanza 1995, huchanja maelfu ya mbwa wa vijijini kila mwaka, na tangu 2018 umekuwa ukiwachanja mbwa mwitu wenyewe kwa chanjo iliyofichwa ndani ya vipande vya nyama ya mbuzi. Hata Marekani, ambako watu husafiri katikati ya theluji hadi Bonde la Lamar katika hifadhi ya Yellowstone kuwatazama mbwa mwitu walioletwa kutoka Kanada mwaka 1995 na 1996, distempa, ugonjwa mwingine wa virusi, iliua watoto wengi wa mbwa mwitu hao mwaka 1999 na tena 2005. Utajiri wa hifadhi hauzuii virusi kuingia.

Nasi Wakenya tulishaonywa zamani. Mwaka 1989, karibu na Aitong, kaskazini mwa Maasai Mara, kundi moja la mbwa mwitu wenye mabaka, hawa wa kwetu, lilipoteza wanyama 21 kati ya 23 katika muda wa wiki chache. Kilikuwa kichaa cha mbwa. Miaka miwili baadaye makundi yote ambayo watafiti walikuwa wakiyafuatilia katika nyika za Serengeti na Mara yalikuwa yametoweka. Mwaka 1994 distempa ikaua takriban theluthi moja ya simba wa Serengeti. Sitaki kumsingizia mbwa wa nyumbani kila kifo. Distempa ina njia nyingi na inaweza kuzunguka kwa bweha na fisi pia. Lakini kichaa cha mbwa katika sehemu zetu hizi hudumu kwa sababu ya mbwa wetu. Wakichanjwa wa kutosha, kinakatika.

Sasa tuje nyumbani. Katelembo ilikuwa ardhi ya ranchi ya ushirika. Leo ni viwanja, nyua za mabati na nyumba mpya, na karibu kila ua una mbwa. Mchana hufungwa, usiku hufunguliwa alinde, na usiku ndipo anapokutana na bweha. Nyanda za Athi na Kapiti haziko mbali. Hifadhi ya Taifa ya Ol Donyo Sabuk, ule mlima wa mita 2,145, iko ndani ya kaunti hii. Marehemu baba yangu aliwaona mbwa mwitu wenye mabaka wakipita uwandani alipokuwa kijana wa kuchunga. Mimi nimezunguka Machakos nzima na kijisanduku changu cha barafu, na hapa sijawaona.

Katika miaka ya 1990, Philip Kitala wa Chuo Kikuu cha Nairobi na wenzake walifanya utafiti wa kichaa cha mbwa hapa Machakos, wakiwashirikisha wanavijiji wenyewe kuripoti. Visa walivyopata vilikuwa vingi mara nyingi zaidi ya vile vilivyokuwa vikifika ofisini. Sisi wa ofisini hatukushangaa. Mbwa akianza kutoa mate na kuyumba, mwenyewe humpiga rungu, humzika nyuma ya choo, na hakuna karatasi inayoandikwa mpaka mtoto aumwe. Na mtoto akishaanza kuogopa maji, hakuna daktari wa kumrudisha. Nimekaa kwenye matanga ya namna hiyo. Ndiyo maana nakereka ninapoambiwa kwamba chanjo ya mbwa ni habari ya wapenda wanyama.

Mwaka 2014 Kenya ilizindua mkakati wa kumaliza vifo vya watu vitokanavyo na kichaa cha mbwa kufikia 2030, na Machakos iliwekwa miongoni mwa kaunti 5 za kuanzia. Kipimo kinajulikana: uchanje asilimia 70 ya mbwa, na urudie kila mwaka, kwa sababu mbwa wa kijijini haishi sana na vilebu wapya huzaliwa kila uchao. Kampeni ya mwaka juzi haimkingi mtu leo.

Huambiwa kwamba mbwa wa vijijini hawakamatiki. Nimewachanja uwanjani mwa shule, na wanaowaleta ni watoto, wamewafunga kwa kamba ya katani au kipande cha leso ya mama. Mbwa anayemtoa mzee mbio humfuata msichana wa darasa la nne bila kelele. Kinachokwamisha ni vitu viwili. Kwanza, tarehe haijulikani mapema, watu wanasikia chanjo imepita wakiwa sokoni. Pili, ni pesa. Mama mwenye mbwa watatu akitakiwa kulipia kila mmoja, atamleta yule anayempenda na kuwaacha wawili nyumbani, na hao wawili ndio watakaozurura.

Kuna hoja nyingine nzito zaidi: kwamba fedha za hifadhi ni za hifadhi, na mbwa wa kijijini ni mzigo wa idara ya mifugo. Naielewa, nimekaa katika idara hiyo nikigombania petroli ya pikipiki. Lakini virusi havisomi bajeti ya nani ni ipi. Mtalii akilipa kumwona mnyama, sehemu ya alicholipa ni gharama ya kumweka mnyama huyo hai, na gharama hiyo huanza kwenye ua wa mkulima anayepakana naye. Mkulima naye amekuwa akilipa upande wake kwa mbuzi wanaoliwa na fisi, kimya kimya, bila kuona faida yoyote ya geti la hifadhi. Chanjo ya bure kwa mbwa wake, huku akiambiwa wazi kwamba imelipwa na wageni waliokuja kuwatazama wale wale wanaomsumbua usiku, ingekuwa mara ya kwanza kwa geti lile kumfikia.

Kwa hiyo Shirika la Huduma kwa Wanyamapori na serikali ya kaunti wakubaliane kiasi maalumu kutoka kila tiketi ya Ol Donyo Sabuk, kiandikwe kwenye tiketi yenyewe, kiende moja kwa moja kwenye chanjo ya mbwa wa vijiji vinavyopakana na wanyama. Vijana wanaofunzwa kuongoza watalii wafunzwe pia kushika daftari kama lile la kijana wa Dinsho, wajue mbwa wa kijiji kipi wamechanjwa na kipi bado. Ratiba itoke mapema, itangazwe makanisani, misikitini na kwenye redio za Kikamba, na kazi ifanyike Agosti shule zikiwa zimefungwa, kabla ya mvua za vuli.

Katelembo inaweza kuanza hata kesho. Uwanja wa shule upo, watoto wenye kamba wapo. Daktari wa kaunti atoe chanjo na barafu, asimamie. Mimi nitachanja bila malipo, kuanzia saa mbili asubuhi hadi mbwa wa mwisho kwenye foleni.