Wanawake Watatu Katika Kalenda



Wapendwa wasomaji, katika ofisi ya parokia yetu imetundikwa kalenda ya miaka mingi iliyopita, ambayo hakuna aliyethubutu kuiondoa ukutani. Tarehe zake zimekwisha kazi, lakini picha yake ingali inapendeza: wanawake watatu shambani, vitambaa vichwani, wawili wameinama na wa tatu ameinuka nusu, kama anayesikia maumivu ya mgongo. Wengi wanaoingia kuandikisha ndoa au ubatizo hudhani kwamba ni akina mama wa Ulaya wanaopalilia. La, hawapalilii. Shamba limekwisha kuvunwa, nao wanaokota masazo.

Picha hiyo ni nakala ya mchoro wa Jean-François Millet, Mfaransa aliyezaliwa mwaka 1814 katika familia ya wakulima wa Normandie, akafariki mwaka 1875. Mchoro wenyewe ulionyeshwa Paris mwaka 1857, na leo umo katika jumba la makumbusho la Orsay mjini humo. Tukiutazama bila haraka tunaona kwamba una mashamba mawili ndani ya shamba moja. Kule nyuma, penye mwanga, kuna umati wa wavunaji, miganda ya ngano, marundo makubwa na mkokoteni uliosheheni. Upande wa kulia, juu ya farasi, yuko mnyapara anayewasimamia. Huku mbele, karibu nasi, wako wanawake watatu na masuke machache mikononi. Shibe yote imewekwa mbali, nao uhitaji umewekwa mbele ya macho yetu ili tusiweze kuuruka.

Watu wa Paris wa wakati ule hawakuupokea vizuri. Mapinduzi ya mwaka 1848 yalikuwa bado yanakumbukwa, na wapo wahakiki waliouona mchoro huo kama tishio. Walizoea kuona turubai kubwa zikipambwa kwa wafalme, vita na miungu ya Wayunani. Maskini aliruhusiwa kuonekana pembeni, au achekeshe. Lakini katika karne ile walitokea wachoraji waliomleta katikati. Gustave Courbet alichora wavunja mawe mwaka 1849, mzee na kijana wakiponda kokoto kando ya barabara. Mchoro huo uliteketea mwaka 1945 wakati wa vita huko Ujerumani. Vincent van Gogh, aliyekuwa amehubiri Injili kwa wachimba makaa ya mawe wa Ubelgiji na kuwagawia hata nguo zake, alichora mwaka 1885 familia ya wakulima wakila viazi chini ya taa moja. Huyo alimhesabu Millet kuwa mwalimu wake, ingawa hawakuonana kamwe.

Msomaji atauliza: haya ya Ufaransa yanatuhusu nini sisi wa Tunduma, Vwawa na Kamsamba? Wanaoponda kokoto tunawaona kila siku. Viazi tunavila. Kuhusu wanawake watatu, hatuna budi kusema jambo linalotuuma.

Msimu uliopita, baada ya kuvuna mahindi ya shamba la parokia lililo nje kidogo ya mji, kikao chetu kilikaa na kuamua kuweka mlinzi. Sababu ilikuwapo. Watu walikuwa wakiingia kwa jina la kuokota masazo, kumbe wengine walikuwa na viroba na walikata mahindi ambayo hayajavunwa. Tuliafikiana wote kwamba pasiingie mtu yeyote mpaka mabua yachomwe. Sisi tunaoandika haya tulikuwa katika kikao hicho, na tulinyosha mkono.

Siku chache baadaye alifika ofisini bibi mmoja wa jumuiya zetu, mjane, anayelea wajukuu. Hakuja kulalamika, alikuja kulipia nia ya Misa ya kumwombea marehemu mume wake. Alipokuwa akisubiri stakabadhi alisimama mbele ya kalenda ile, akatuuliza, “Baba, hawa nao wanaokota?” Tukamjibu, “Ndiyo, bibi, wanaokota.” Akatazama tena, akasema, “Na yule wa kwenye farasi hawafukuzi?” Tulikosa la kumjibu. Alichukua stakabadhi yake, akaaga kwa heshima kama kawaida yake, akaondoka.

Tangu siku ile hatujaweza kuitazama kalenda kwa amani. Tulikuwa tumeipenda picha kwa miaka, tukawaeleza wageni habari zake, huku sisi wenyewe tukiwa tumekwisha kupanda juu ya farasi. Tena yule mnyapara wa Millet, kwa kadiri tunavyoona, yuko mbali na amewaacha waokote. Sisi tulimzidi.

Tukafungua Maandiko. Katika kitabu cha Walawi, sura ya 19, na tena katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, mwenye shamba anaagizwa asivune mpaka pembeni kabisa, wala asirudi kuchukua alichokisahau. Masazo hayo si zawadi anayoitoa akijisikia vizuri. Ni fungu la maskini, mgeni, yatima na mjane. Ndiyo maana Ruthu, mgeni kutoka Moabu, aliweza kuingia katika shamba la Boazi. Boazi hakuishia kumvumilia. Aliwaagiza vijana wake wasimsumbue, na hata waangushe masuke kwa makusudi ili apate cha kuokota. Katika uzao wa mjane huyo mwokota masazo alizaliwa Mfalme Daudi, na katika ukoo huo Bwana wetu Yesu Kristo. Je, kama Boazi angeweka mlinzi?

Hatusemi kwamba wizi si dhambi. Anayekata mahindi ya mwenzake ambayo hayajavunwa ni mwizi, awe maskini au tajiri, na mkulima aliyetoa jasho lake ana haki ya kulindwa. Lakini Torati inatofautisha wazi mambo hayo mawili, nasi kwa uvivu wetu tuliyachanganya. Ilikuwa rahisi kumfungia nje kila mtu kuliko kusimama shambani siku moja na kusema: upande huu bado, upande ule ingieni. Kwa sababu ya wezi wachache tuliwaadhibu wajane wengi, kisha tukaita jambo hilo utaratibu.

Wala si shamba la parokia peke yake. Katika maghala ya nafaka ya mji wetu wa mpakani, malori yakipakia, punje humwagika, na akina mama hufagia, hupepeta na kuondoka na kopo au debe. Wafanyabiashara wapo wanaowaachia, na Mungu awabariki. Wapo pia wanaowafukuza kwa matusi kwa ajili ya punje ambazo wao wenyewe wangezikanyaga. Tunawaomba hao wa pili, wengi wao wakiwa waumini wenzetu, waje ofisini tuitazame kalenda pamoja.

Millet alichora pia mchoro mwingine, aliomaliza mwaka 1859: mume na mke katika shamba la viazi wakati wa jioni, wameacha uma na kikapu, vichwa vimeinama, kwa kuwa kengele ya kanisa linaloonekana kwa mbali imelia na wao wanasali Malaika wa Bwana. Nakala zake zimeenea duniani kote, na mwaka 1890 tajiri mmoja wa Paris aliununua kwa faranga 800,000. Millet alikuwa amekwisha kufa, naye alikuwa ameuuza kwa sehemu ndogo sana ya fedha hiyo. Mkulima wa kahawa wa Mbozi hahitaji kufafanuliwa jambo hilo: bei hupanda baada ya mali kutoka mikononi mwa aliyeitolea jasho.

Tunaipenda picha hiyo ya sala kuliko ile ya masazo, maana haitudai kitu. Lakini aliyezichora zote mbili ni mtu mmoja, tena katika miaka ileile. Kengele inayotuita kusali, hata ikiwa ni rimu ya lori iliyotundikwa mtini, husikiwa na mwenye shamba na mwokota masazo kwa pamoja. Hatuwezi kuinamisha kichwa inapolia, kisha kuinua fimbo inaponyamaza.

Basi, ndugu wapendwa, tumeomba suala hili lirudishwe kikaoni. Pendekezo letu ni kwamba msimu ujao pembe ya shamba iachwe bila kuvunwa, na baada ya mavuno zitengwe siku maalumu za kuokota, ambapo akina mama wa WAWATA na viongozi wa jumuiya watakuwapo shambani, si kwa kufukuza bali kwa kuelekeza. Wapo watakaosema kwamba parokia itapoteza magunia. Ni kweli, itapoteza. Tunaomba mkubali hasara hiyo.

Na yule bibi, tukijaliwa, tutamfuata nyumbani kwake kumwomba radhi, maana haifai yeye atembee tena umbali ule kwa kosa letu.

Mungu awabariki nyote.