WA MUDA MPAKA LINI?



Katika milima ya Uluguru, kwa desturi, ardhi hushikwa na koo za upande wa mama. Mgeni huazimwa shamba apande mahindi na maharage, lakini hakubaliwi kupanda miti, kwani mwenye mti kesho hudai na ardhi. Desturi hiyo ni kali, lakini ni wazi: aliyeazimwa ajua mpaka wake tangu siku ya kwanza.

Chini ya milima hiyo, mjini Morogoro, kipo Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, kilichoanzishwa 1984. Hatukitaji kwa kukituhumu. Twakitaja kwa kuwa suala letu lavihusu vyuo vikuu vyote vya umma. Mtu ameajiriwa kwa muda, mkataba wake ukafanywa upya mwaka baada ya mwaka, kisha akaambiwa aende zake. Je, hana haki?

Anayo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 yasema kuwa kukataa kuufanya upya mkataba, hali mfanyakazi alikuwa na sababu ya haki ya kutarajia, ni sawa na kumwachisha kazi. Na mwenye kuachishwa kwa dhulma hupeleka shauri lake mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30.

Lakini utazameni mlango wenyewe. Tangu 2016 mtumishi wa umma ametakiwa amalize kwanza njia za Sheria ya Utumishi wa Umma kabla hajazigusa sheria za kazi. Na sheria hiyo hiyo, ilipotungwa 2002, haikuzihesabu kuwa ofisi za utumishi wa umma zile kazi zinazolipwa kwa saa, kwa siku au kwa mkataba wa muda. Basi mtu huyu ni nani? Akidai kudumishwa, aweza kuambiwa: wewe si mtumishi, wewe ni wa mkataba. Akienda kwenye Tume, aweza kuambiwa: wewe ni mtumishi wa umma, umekosea mlango. Na siku 30 hazimngojei.

Sisi wenye maduka twamjua mtu huyu katika daftari la mkopo. Mshahara anao, lakini wa mwezi ujao haujulikani, na kalamu yetu husita.

Kwa maalim tulifunzwa kuwa ahadi hutimizwa, na ujira hulipwa kabla jasho halijakauka. Kazi ifanywayo miaka saba na mtu yule yule, juu ya kiti kile kile, ni kazi ya kudumu iliyonyimwa jina lake. Huyu hakukatazwa kupanda mti. Aliachwa akapanda, kisha likaletwa shoka.

Twataka sheria itamke waziwazi mlango wa mfanyakazi wa mkataba ni upi, na baada ya miaka mingapi wa muda huwa wa kudumu. Kazi si jambo la Muungano. Zanzibar tunayo Sheria yetu ya Ajira Namba 11 ya 2005. Kwa hivyo swali hili liulizwe pia katika Baraza la Wawakilishi.

Nanyi mlio katika mikataba, hifadhini kila barua, na msilale siku hata moja.