Mtayarishaji si Mfuko wa Fedha

Ada mbaya imewaganda wahakiki wa filamu: sifa zote humwagiwa mwongozaji, naye mtayarishaji huachiwa kona ya mhasibu. Mmoja huota, mwengine hulipa, ndivyo isemwavyo. Kauli hiyo ni ya uvivu, na kazi ya Mrusi Sergei Selyanov yatosha kuivunja.

Selyanov, aliyezaliwa mwaka 1955 huko Olonets, Karelia, hakuingia katika sinema kwa mlango wa fedha. Mwaka 1980 yeye na mwenziwe Nikolai Makarov walipiga filamu ya Den angela pasi na idhini ya dola, katika nchi ambayo kamera, utepe na jumba la kuonyeshea vyote vilikuwa mali ya dola. Watazamaji hawakuiona mpaka 1988. Aliyengoja miaka minane anajua filamu hufia wapi. Aghalabu haifi katika akili ya mwongozaji. Hufa njiani, kabla ya kuufikia ukuta wa jumba.

Mwaka 1992 aliasisi kampuni ya CTB pamoja na Aleksei Balabanov. Muungano wa Kisovieti ulikuwa umekwisha kusambaratika, na majumba ya sinema yakigeuzwa maduka ya samani na magari. Katika ukame huo ndipo ilipozaliwa Brat, yaani "Ndugu", ya mwaka 1997. Ilipigwa kwa fedha haba, ndani ya nyumba za marafiki, na shujaa wake, Sergei Bodrov Mdogo, akavishwa sweta la mtumba. Wahakiki huusifu ukavu wa filamu ile kana kwamba Balabanov aliteremshiwa kutoka mbinguni. La hasha! Ukavu ule ulikuwa pia uamuzi wa mtu aliyekubali kazi ianze na kile kidogo kilichokuwapo, ilhali wengine walikuwa wakingoja dola irudi na mkoba wake.

Tena kuna Gruz 200 ya mwaka 2007, filamu inayoutazama mwaka 1984 na majeneza ya vita vya Afghanistan bila kupepesa jicho. Waigizaji mashuhuri waliukataa mswada wake. Selyanov hakuukataa. Kampuni hiyo hiyo, kwa ushirika na studio ya Melnitsa, ilikuwa ikitoa katuni za mashujaa wa ngano za Kirusi tangu 2004, nazo zikajaza majumba kwa watoto na wazee wao. Wanaozicheka katuni hizo kuwa ni biashara tupu wajiulize kampuni isiyouza kitu ingewezaje kuitoa filamu ambayo wengi waliiona kuwa ni tusi.

Na Septemba 2002, barafu ya mlima ya Kolka ilipoporomoka katika bonde la Karmadon, Kaukazi, ilimfunika Bodrov pamoja na kundi lake, wakiwa katika kazi ya CTB. Waliokufa bondeni humo walizidi 100. Mzigo wa namna hiyo hauandikwi katika daftari la mhasibu.

Lakini anayestahiki sehemu ya sifa hawezi kusamehewa sehemu ya lawama, na hapa ndipo wapenzi wa Selyanov wanapopatwa na kigugumizi. Brat 2 ya mwaka 2000 inampeleka shujaa wake Chicago. Huko watu weusi wamechorwa kuwa vitisho na vichekesho, na Waukraine wametupiwa maneno ya dharau. Ukraine iliipiga marufuku mwaka 2015. Machi 2022, Wizara ya Ulinzi ya Urusi iliuchukua msemo wa filamu hiyo juu ya nguvu na ukweli, ikaupachika herufi V iliyochorwa kwenye magari ya vita. Kweli, hakuna msanii anayeweza kuzuia kila mkono utakaoichukua kazi yake. Hata hivyo, dharau ile haikutiwa na wizara. Ilikuwamo tangu siku ya kwanza, nayo ilipendwa na kuuzwa.

Mwenye kumtetea kwa kusema kwamba yeye alitafuta fedha tu, na maneno ni ya Balabanov, amemrudisha katika ile kona ya mhasibu, na amemvua Brat na Gruz 200 kwa mkono huo huo. Balabanov alifariki Mei 2013, na swali juu ya Brat 2 likabaki kwa mwenziwe.