Kalenda ya Majua Mawili Tunayo Hapa Pumwani

Hebu fikiria, msomaji mpendwa, ulimwengu wa hadithi wenye majua mawili. Hili linachomoza, lile linatua, na watu wanataka kujua leo ni tarehe ngapi. Wengi wetu chamani tunaopenda kutunga hadithi za namna hiyo hukimbilia jibu rahisi: ati watu wachague jua moja la kuhesabia, lile jingine libaki pambo la mbinguni. Mimi napinga kabisa, na hoja zangu sikuzitoa mbali.

Kwanza, majua mawili si ndoto tupu. Mnamo mwaka wa 2011 wanaanga walitangaza sayari iitwayo Kepler-16b, ambayo huzunguka nyota mbili kwa pamoja kwa muda wa siku 229 hivi. Nyota zenyewe huzungukana kila baada ya siku 41. Kama kungekuwa na mkulima huko, angehitaji hesabu zote mbili, ile ndefu na ile fupi. Akiitupa moja, nusu ya mambo ya mbinguni kwake yatakuwa kitendawili.

Pili, sisi wenyewe tunaishi chini ya mianga miwili: jua na mwezi. Mwaka wa jua una siku 365 au 366, na wa mwezi una siku 354 au 355. Tofauti hiyo ya siku kama 11 ndiyo inayoifanya Ramadhani irudi nyuma kila mwaka, hata baada ya miaka 33 hivi iwe imezunguka misimu yote. Ndiyo maana katika mwaka wa 2030 Ramadhani inatarajiwa kuingia mara mbili, Januari na tena mwishoni mwa Desemba! Sasa ingia ploti yoyote ya Majengo. Mlango huu wanahesabu siku za Krismasi, mlango wa pili wanahesabu Mfungo Mosi, Mfungo Pili, hadi Mfungo Sita wa Maulidi. Vuka ng'ambo hadi Eastleigh, utakutana na Waethiopia ambao mwaka wao una miezi 13. Na maisha yanaendelea.

Wazee wa Pwani walilijua jambo hili zamani. Mwezi waliutumia kwa ibada. Kwa upepo, uvuvi na kilimo walitumia mwaka wa Nairuzi, wenye miongo 36 ya siku kumi kumi na siku tano za nyongeza. Hadi leo watu wa Makunduchi, Unguja, huadhimisha Mwaka Kogwa mwezi wa Julai. Kila hesabu ilipewa kazi yake, wala hawakuona haja ya kuitupa hata moja.

Lugha yetu nayo ni shahidi. Jumatano maana yake ni siku ya tano, na Alhamisi, neno la Kiarabu, pia ni ya tano. Tano mbili katika juma moja, na hakuna anayepotea njia! Kwa wanaoanza siku magharibi na wanaoianza saa sita za usiku, Kiswahili kikapata dawa: "usiku wa kuamkia Ijumaa." Kila mtu ameelewa.

Basi shida iko wapi? Iko kwenye ratiba za shule. Katika shule moja ninayoijua, mchujo wa timu ya riadha uliwekwa saa kumi za jioni katikati ya Ramadhani. Waliofunga walikimbia na koo kavu, wakaachwa nje ya timu mwaka mzima. Hakuna aliyewachukia. Kalenda iliyotundikwa ofisini ilijua mwanga mmoja tu, na aliyepanga aliifuata hiyo. Lakini aumiaye haulizi kama jiwe lilirushwa kwa makusudi.

Najua watakaonijibu: "Mwezi hauandikiki mapema, mpaka uandame." Ni kweli, mwezi huwa na siku 29 au 30. Lakini tofauti hiyo ni siku moja tu! Mpangaji ratiba akiacha siku moja tupu kila upande, kutaharibika nini? Isitoshe, hata kalenda ya jua haikushuka ikiwa kamili. Mwaka wa 1582 Papa Gregory wa 13 aliirekebisha, na katika nchi zilizomfuata, tarehe 4 Oktoba ilifuatwa na tarehe 15. Siku kumi zikafutwa, na dunia haikuanguka.

Kwa hivyo pendekezo langu kwa walimu na viranja ni hili: ratiba ya muhula iandikwe kwa safu mbili, tarehe ya jua na tarehe ya mwezi, na ibandikwe ubaoni Januari. Haitagharimu zaidi ya rula na kalamu. Chama chetu kinaweza kuanza kazi hiyo bila kungoja kuambiwa, kwani wahenga walinena, mgeni njoo mwenyeji apone, na mara hii mgeni ni safu ya pili.

Nanyi watunzi wenzangu, mkiumba ulimwengu wa majua mawili, msimpe mfalme amri ya kufuta jua moja. Wapeni watu wake kalenda ya safu mbili, kisha muone jinsi majirani wanavyoulizana asubuhi, "Kwenu leo ni tarehe ngapi?" Hapo ndipo hadithi huanzia.